4 Oktoba: tarehe moja, ila kwa saa ya nani?

Leo ni 4 Oktoba, na ukifungua ukurasa wowote wa "siku kama ya leo" kitu cha kwanza unachokutana nacho ni Sputnik, setilaiti ya kwanza kutengenezwa na binadamu, Muungano wa Kisovieti, mwaka 1957. Sawa kabisa, siipingi. Ila nataka tukae hapo kidogo kwanza, maana roketi iliponyanyuka pale Baikonur kwenye nyika za Kazakhstan, saa za pale zilikuwa zimeshavuka saa sita usiku, kwa hiyo kwa wale mafundi waliokuwa uwanjani wanaiangalia kwa macho yao ilikuwa tayari 5 Oktoba. Moscow ndo ilikuwa bado tarehe 4, saa nne na dakika 28 usiku. Dunia nzima inaadhimisha tarehe ambayo pale penyewe palipotokea tukio ilikuwa imeshaisha.

Kila siku nikikusanya huu mchanganyiko wangu wa maarifa, habari na kumbukumbu za kihistoria hicho ndo kitu kinachonivutia kuliko chochote: tarehe haidondoki toka mbinguni, kuna watu walikaa wakaamua ihesabiwe vipi, kwa saa ya wapi, kwa kalenda ipi, na je tunakumbuka mwanzo wa jambo au mwisho wake. Na 4 Oktoba ni tarehe nzuri sana kuonyesha hilo, sijui kama kuna nyingine inaifikia.

Turudi Sputnik. Kitu chenyewe kilikuwa kidogo, tufe la aluminiamu lenye upana wa sentimita 58, kilo 83.6, antena nne ndefu zimeelekea nyuma, ndani yake betri, redio na feni ya kupoza. Basi. Hakuna kamera wala hakikuja kupima mambo makubwa, kazi yake ilikuwa kulia bip, bip, bip kwenye masafa ya megahezi 20 na 40 hivi, masafa ambayo mtu yeyote mwenye redio nzuri ya masafa mafupi angeweza kuyanasa akiwa nyumbani kwake. Na hilo lilifanywa makusudi, walitaka dunia isikie yenyewe bila kuambiwa na mtu. Mpango wa awali ulikuwa kurusha setilaiti kubwa zaidi iliyojaa vifaa vya kisayansi lakini ikachelewa, na Sergei Korolev, mhandisi mkuu wa mradi, akaona Wamarekani wanaweza kuwatangulia, ndo ikatengenezwa hii nyepesi haraka haraka (ile kubwa ilikuja kuruka Mei 1958 kwa jina la Sputnik 3). Huyu Korolev naye jina lake lilikuwa siri ya serikali, dunia nzima inashangilia kazi yake na hakuna anayemjua, mpaka alipofariki Januari 1966 ndo jina likatangazwa hadharani. Mi hili huwa linaniumiza kila nikilisoma.

Sputnik ilizunguka dunia kila baada ya dakika 96, betri zikaisha baada ya wiki tatu hivi, na tarehe 4 Januari 1958 ikaanguka ikaungua angani. Miezi mitatu kamili, toka tarehe 4 mpaka tarehe 4. Na wale watu waliosimulia kwamba waliiona kwa macho ikikatiza angani, wengi wao walichokiona ni kipande kikubwa cha roketi kilichokuwa kinazunguka nyuma yake, maana tufe lenyewe lilikuwa dogo mno kuonekana kirahisi bila darubini.

Sasa hapa ndo kuna stori ninayoipenda kuliko zote za siku ya leo. Siku chache baada ya Sputnik kuruka, wanafizikia wawili vijana kwenye maabara ya chuo kikuu cha Johns Hopkins huko Maryland, William Guier na George Weiffenbach, waliamua kujaribu kuinasa ile sauti. Hakuna aliyewatuma. Wakaunganisha antena na redio, wakasubiri, ikaja, wakairekodi kwenye kanda. Halafu wakagundua sauti haibaki vilevile: setilaiti ikiwa inakuja masafa yanapanda kidogo, ikishapita yanashuka, kama unavyosikia king'ora cha gari la wagonjwa kikibadilika likikupita barabarani. Wengi wangeishia kusema ndiyo, hiyo ni athari ya Doppler, tunaijua. Hawa wakakaa chini na ile mabadiliko madogo madogo ya masafa wakapiga hesabu, na kutokana na sauti tu, wakiwa wamekaa sehemu moja, wakaweza kujua setilaiti inapita njia gani angani. Mwaka uliofuata bosi wao Frank McClure akawaita ofisini akawauliza swali kinyumenyume: kama mnaweza kujua setilaiti iko wapi kwa sababu mnajua nyinyi mko wapi, je tukishajua njia ya setilaiti tunaweza kujua msikilizaji yuko wapi? Jeshi la majini la Marekani lilikuwa na nyambizi zenye makombora na lilihitaji sana kujua nyambizi iko wapi kwa usahihi. Jibu likawa ndiyo, tena hesabu ya upande huo ilikuwa rahisi zaidi. Ukazaliwa mfumo wa Transit, miaka ya 60 ukawa unatumika, na baadaye ukaja GPS ambayo setilaiti yake ya kwanza ilirushwa 1978 ikitumia njia tofauti ya kupima muda. Kwa hiyo ile nukta ya bluu inayokuonyesha ulipo kwenye ramani ya simu, ukoo wake unarudi mpaka kwa vijana wawili waliosikiliza mlio badala ya kusoma tu habari yake gazetini.

Wamarekani nao walijibu kwa setilaiti yao, Explorer 1, na vitabu vyao vinasema ilirushwa 31 Januari 1958. Ni kweli, Florida ilikuwa karibu saa tano usiku. Greenwich, kule Uingereza ambako saa za dunia zinahesabiwa kutokea, ilikuwa 1 Februari. Hata mtu wa kwanza kukanyaga mwezini ni hivyo hivyo, Marekani wanasherehekea 20 Julai 1969 kwa sababu kwao Neil Armstrong aliweka mguu saa nne na dakika 56 usiku kwa saa za pwani ya mashariki, ila kwa Afrika yote, Ulaya yote na Asia yote ilikuwa imeshakuwa 21 Julai. Chombo chenyewe kilitua 20 Julai kwa saa ya Greenwich, hatua ya mguu ndo ikaangukia 21. Kwa hiyo mkibishana na mtu kuhusu tarehe ya mwezini muulizane kwanza mnaongelea kutua au kukanyaga, na kwa saa ya wapi. Mnaweza kuwa wote mko sahihi.

Sputnik ilizaa kingine pia. Februari 1958 serikali ya Marekani iliunda taasisi ya utafiti wa kijeshi iitwayo ARPA, na 1 Oktoba mwaka huohuo NASA, shirika lao la anga, ikafungua milango. ARPA ndiyo ilikuja kugharamia mtandao wa ARPANET, babu wa intaneti ya leo, na ujumbe wake wa kwanza kutoka kompyuta moja kwenda nyingine ulitumwa 29 Oktoba 1969 kutoka chuo kikuu cha UCLA kwenda taasisi ya utafiti ya Stanford. Walitaka kuandika LOGIN, zikafika herufi mbili, L na O, mfumo ukazima. Ilikuwa saa nne na nusu usiku huko California, na ndiyo, umeshadaka, London ilikuwa asubuhi ya tarehe 30.

Na kwa kuwa tumefika kwenye intaneti, kuna kumbukumbu nyingine ya leo ambayo wengi wetu tuliiishi. 4 Oktoba 2021 Facebook, Instagram na WhatsApp zilizimika kwa wakati mmoja dunia nzima kwa karibu saa sita. Watu walizima simu wakawasha, wakabadilisha laini, wakalaumu mtandao wa simu, kumbe tatizo lilikuwa kule kule kwenye kampuni. Maelezo waliyotoa wenyewe baadaye ni kwamba kwenye matengenezo ya kawaida ilitumwa amri ya kupima uwezo wa mtandao wao mkuu unaounganisha vituo vyao vya data, na ile amri ikakata miunganisho yote. Kulikuwa na programu ya kukagua amri kama hizo kabla hazijatekelezwa lakini nayo ilikuwa na hitilafu, ikaiachia ikapita. Halafu ikaja sehemu ya pili ambayo ndo ya kusikitisha zaidi kiufundi: seva zao za DNS, yaani zile zinazobadilisha jina la tovuti kuwa namba ambazo kompyuta zinaelewa, zilikuwa zimewekwa hivi kwamba zisipoweza kuwasiliana na vituo vya data basi ziache kujitangaza kwa mitandao mingine. Zikaona haziwasiliani, zikaacha kujitangaza. Seva zenyewe zilikuwa nzima, zinafanya kazi, ila dunia nzima haijui njia ya kuzifikia. Na mafundi wakashindwa kuingia kwa mbali kwa sababu vifaa vyao vya kazi navyo vilitegemea mtandao uleule, ikabidi watu waende kwa miguu yao kwenye vituo vya data ambako ulinzi ni mkali makusudi ili mtu asiweze kuingia na kugusa vitu ovyo. Ulinzi uliowekwa kwa nia njema kabisa ndo ukawachelewesha.

Ilianza alasiri kwa saa ya Greenwich, na Tokyo ilikuwa imeshapita saa sita usiku. Kwa Mjapani WhatsApp ilizimika 5 Oktoba.

Haya, sasa tuje kwenye jambo ambalo kwangu ndo kubwa kuliko Sputnik kwa tarehe ya leo, ingawa halina roketi wala moshi. Mwaka 1582, watu wa Italia, Hispania, Ureno na Poland walilala Alhamisi ya 4 Oktoba wakaamka Ijumaa ya 15 Oktoba. Siku kumi zilifutwa. Hakuna aliyezaliwa 9 Oktoba 1582 huko Roma, hakuna aliyekufa, hakuna mkataba uliosainiwa, kwa sababu tarehe hiyo haikuwepo. Ila wiki haikuguswa, Alhamisi ikafuatiwa na Ijumaa kama kawaida, na hilo ni la kuzingatia kwa sababu kuna wanaodhani muda wenyewe ulirukwa. Hapana, jua lilizama na kuchomoza mara moja tu, kilichorukwa ni namba.

Sababu yake ni dakika 11. Kalenda ya zamani ya Julius Caesar ilihesabu mwaka kuwa siku 365 na robo, kila mwaka wa nne unaongezwa siku moja na hakuna cha kupunguza. Lakini mwaka halisi wa jua ni mfupi kuliko hapo kwa dakika 11 na sekunde kadhaa. Dakika 11 si kitu, wewe mwenyewe unaweza kuzimaliza kwenye simu bila kujua, ila ziache zijikusanye miaka 128 zinakuwa siku nzima. Kufikia karne ya 16 ile siku ya Machi ambayo usiku na mchana vinalingana, iliyokuwa inahesabiwa 21 Machi wakati wa mtaguso wa Nisea (mkutano mkuu wa maaskofu) mwaka 325, ilikuwa inaangukia 11 Machi hivi, na Pasaka inapigiwa hesabu kutokea hapo, kwa hiyo Pasaka nayo ilikuwa inasogea kidogo kidogo kuelekea majira ya joto ya Ulaya. Aliyebuni dawa ni daktari wa kusini mwa Italia aitwaye Luigi Lilio, na alifariki 1576 kabla hajaona kazi yake ikikubaliwa, kaka yake Antonio ndo aliipeleka Roma, halafu Mjesuti Christopher Clavius akaitetea na kuifafanua kwa miaka mingi. Papa Gregori XIII akatoa hati Februari 1582 na jina la kalenda likawa lake.

Dawa yenyewe ni nzuri kwa urahisi wake. Miaka inayogawanyika kwa nne inaendelea kuwa mirefu, isipokuwa ile ya mwisho wa karne ambayo mpaka igawanyike kwa 400. Ndo maana 1700, 1800 na 1900 haikuwa na 29 Februari lakini 2000 ilikuwa nayo, na 2100 haitakuwa nayo. Sheria ya mistari miwili, imeandikwa na watu wasiokuwa na darubini hata moja, na sisi tunaitumia kwenye kila kompyuta.

Usiku ule ule wa 4 Oktoba 1582 alifariki mtawa Theresia wa Avila huko Hispania, na kesho yake ikawa tarehe 15, na mpaka leo Kanisa Katoliki linamkumbuka 15 Oktoba. Alifariki tarehe 4, akazikwa kesho yake tarehe 15, na hakuna aliyechelewesha mazishi.

Nchi nyingine ziligoma, hasa za Kiprotestanti na za Kiorthodoksi, maana agizo lilitoka kwa Papa. Uingereza na makoloni yake walisubiri mpaka 1752, wakafuta siku 11, 2 Septemba ikafuatiwa na 14. Ile hadithi maarufu ya Waingereza kuandamana mitaani wakidai warudishiwe siku zao wanahistoria wengi wanaona haina ushahidi wa kutosha, kwa hiyo ukiiona inasambaa kwenye grupu jua hivyo. Urusi wakabadilisha 1918, 31 Januari ikafuatiwa na 14 Februari, ndo maana mapinduzi yao ya Oktoba yanaadhimishwa Novemba, yalitokea 25 Oktoba kwa kalenda yao na 7 Novemba kwa ya wengine. Ugiriki ikaja 1923. Na wakristo wa Kiorthodoksi wanaosherehekea Krismasi 7 Januari hawana Krismasi tofauti na ya wengine, kwao ni 25 Desemba kwa kalenda ya Julius, pengo sasa hivi ni siku 13 na baada ya Februari 2100 litakuwa 14.

Kutokana na hii ishu kuna maarifa mengi yanayozunguka mtandaoni ambayo si kweli au ni kweli nusu. Mfano ule usemao Isaac Newton alizaliwa mwaka ambao Galileo alikufa. Unapendeza sana, yaani kama vile kijiti kilipokezwa. Galileo alifariki Italia 8 Januari 1642 kwa kalenda mpya. Newton alizaliwa Uingereza 25 Desemba 1642 kwa kalenda ya zamani, ambayo kwa mpya ni 4 Januari 1643. Sasa ukitumia kalenda mpya kwa wote wawili ni 1642 na 1643. Ukitumia ya zamani kwa wote wawili, Galileo anaangukia mwisho wa Desemba 1641. Kalenda yoyote utakayoshika ukaishikilia, miaka haifanani, inafanana tu ukichanganya. George Washington naye alizaliwa 11 Februari 1731 kwa kalenda iliyokuwepo, na Marekani wanamsherehekea 22 Februari 1732, siku 11 zimeongezwa na mwaka pia umesogea kwa sababu Waingereza enzi hizo mwaka wao mpya ulianza 25 Machi.

Tukitoka kwenye kalenda, leo pia ni Siku ya Wanyama Duniani. Imewekwa leo kwa sababu ni sikukuu ya Fransisko wa Asizi, mtakatifu anayehusishwa na wanyama, na yeye alifariki jioni ya 3 Oktoba 1226, ila jua lilikuwa limeshazama na kwa hesabu ya wakati ule jua likizama siku mpya imeanza, kama ilivyo kwa Wayahudi na Waislamu mpaka leo. Mwandishi wa Ujerumani Heinrich Zimmermann ndo aliandaa maadhimisho ya kwanza Berlin mwaka 1925, akataka yawe 4 Oktoba, ukumbi haukupatikana, yakafanyika 24 Machi, na ilibidi isubiriwe mpaka 1929 ndo yakaangukia siku aliyoitaka.

Lesotho wanasherehekea uhuru leo, waliupata kwa Uingereza 1966, siku chache tu baada ya Botswana. Nchi nzima imezungukwa na Afrika Kusini pande zote, ziko tatu tu za namna hiyo duniani, nyingine ni San Marino na Vatikani. Na ndiyo nchi pekee ambayo ardhi yake yote iko juu ya mita 1,000 kutoka usawa wa bahari, sehemu yake ya chini kabisa ni kama mita 1,400. Ile milima ndiyo iliyomwezesha mfalme Moshoeshoe wa Kwanza kuwakusanya watu waliokuwa wanakimbia vita na kuwalinda, na 1868 alipoona Makaburu wanamaliza ardhi yake akachagua kujiweka chini ya ulinzi wa Waingereza. Ni uamuzi ambao bado unajadiliwa, ila bila huo sidhani kama kungekuwa na bendera ya kupandisha leo.

Kwenye habari, wiki hizi za mwanzo wa Oktoba ndo za Nobel. Utaratibu wa kawaida ni huu: Jumatatu tiba, Jumanne fizikia, Jumatano kemia, Alhamisi fasihi, Ijumaa amani, na Jumatatu inayofuata uchumi. Zawadi zenyewe zinatolewa 10 Desemba, siku aliyofariki Alfred Nobel mwaka 1896. Na kuna jambo la ajabu kidogo kuhusu tarehe ya leo. Max Planck, aliyeanzisha wazo kwamba nishati inatoka kwa vipande vipande na sio kwa mfululizo, alifariki 4 Oktoba 1947. Tarehe hiyohiyo mwaka 2022 ikatangazwa Nobel ya fizikia kwa Alain Aspect, John Clauser na Anton Zeilinger kwa majaribio yao ya chembe zilizofungamana kikwantamu, yaani ukipima moja unajua hali ya nyingine hata ikiwa mbali, na tarehe hiyohiyo mwaka 2023 ikatangazwa Nobel ya kemia kwa Moungi Bawendi, Louis Brus na Aleksey Yekimov kwa vitone vya kwantamu, vile vidogo ambavyo ukibadilisha ukubwa wake tu vinabadilisha rangi, na baadhi ya televisheni zinavitumia. Kazi zote mbili zimesimama juu ya wazo la Planck. Ni bahati tu ya kalenda, hakuna aliyepanga, na ile ya 2023 majina yalivuja saa chache kabla kwa sababu barua pepe ya kwenda kwa waandishi ilitumwa mapema.

Nimeiacha Msumbiji mwisho makusudi kwa sababu hii sio ya kupita haraka. 4 Oktoba 1992, mjini Roma, Rais Joaquim Chissano na kiongozi wa waasi wa Renamo Afonso Dhlakama walisaini Mkataba Mkuu wa Amani, ukafunga vita vya miaka kama 16 vilivyoanza muda mfupi baada ya uhuru wa 1975. Makadirio yanayotajwa zaidi ni watu kama milioni moja waliokufa, kwa risasi, kwa njaa na kwa magonjwa, na mamilioni wakaacha nyumba zao. Mazungumzo yalichukua zaidi ya miaka miwili, toka Julai 1990, na hayakufanyika kwenye jumba la Umoja wa Mataifa wala kwa taifa kubwa, yalifanyika kwenye nyumba ya zamani ya watawa mtaa wa Trastevere, makao ya jumuiya ya walei wa Kikatoliki ya Sant'Egidio. Wapatanishi walikuwa wanne, Andrea Riccardi mwanzilishi wa jumuiya, padri Matteo Zuppi ambaye sasa ni kardinali, mbunge wa Italia Mario Raffaelli, na Jaime Gonçalves, askofu mkuu wa Beira, Mmsumbiji mwenyewe. Hakuna kati yao aliyekuwa na jeshi la kutishia wala pesa za kununua sahihi. Kilichokuwepo ni uvumilivu wa kurudi mezani raundi baada ya raundi, pande mbili zilizokuwa zinaitana majina ya ajabu zianze kuitana kwa majina yao.

Halafu mkataba ukatekelezwa, hilo ndo watu wanalisahau. Umoja wa Mataifa ukapeleka walinzi wa amani, wapiganaji wakakusanywa kambini wakasalimisha silaha, wakimbizi wakarudi, na mwisho wa Oktoba 1994 watu wakapanga foleni wakapiga kura. Leo ni sikukuu ya taifa kule, Siku ya Amani na Maridhiano. Kuanzia 2013 mapigano kati ya serikali na Renamo yalirudi sehemu za katikati ya nchi, ikabidi yaanze mazungumzo mengine, Dhlakama akafariki Mei 2018 yakiwa hayajaisha, na mkataba mwingine ukasainiwa Agosti 2019. Na kaskazini, Cabo Delgado, kuna vita vingine kabisa vilivyoanza Oktoba 2017, na vimeshawafukuza makwao mamia ya maelfu ya watu. Kwa hiyo ukiulizwa Msumbiji walipata amani lini, 4 Oktoba 1992 ni jibu sahihi la swali dogo. Mi bado naiheshimu sana ile tarehe, kwa sababu kuna watoto waliozaliwa 1993 wakakua wakaenda shule bila kusikia mlio wa bunduki, na hiyo sio kitu kidogo hata kidogo.

Kesho ni 5 Oktoba, Siku ya Walimu Duniani, inaadhimishwa toka 1994 ila chanzo chake ni waraka wa 1966 wa UNESCO na Shirika la Kazi Duniani kuhusu hadhi ya walimu, uliopitishwa Paris tarehe hiyo. Nitapitia waraka wenyewe unasemaje kuhusu mishahara, muda wa kazi na ukubwa wa madarasa, kwa sababu salamu za siku ya walimu zinasambaa kila mwaka na ule waraka karibu hakuna anayeugusa.